Kwao Ni Wapi? Ushahidi wa Lugha ya Kinubi



Kuna swali ambalo Mnubi wa Kenya ameulizwa tangu enzi ya Mwingereza mpaka leo: kwenu ni wapi? Ameulizwa na tume ya ardhi, ameulizwa na karani wa vitambulisho, ameulizwa hata na jirani aliyehamia Nairobi juzijuzi. Kila mara ametakiwa kujibu kwa karatasi: barua ya babu aliyestaafu jeshini, cheti cha bibi, kibali cha shamba kilicholiwa na mchwa. Leo nataka kumwita shahidi ambaye mabaraza hayo hayakuzoea kumsikiliza. Shahidi huyo ni Kinubi chenyewe.

Hoja yangu ni moja. Kinubi si lugha iliyobebwa kutoka nchi fulani ambako wenyeji wake bado wapo, wakiwangoja ndugu zao warudi. Kiliumbwa na watu hawa hawa, katika kambi za Nile ya juu na katika safari ya kuja huku kwetu, na makao yake ni Afrika Mashariki. Anayemwambia Mnubi arudi kwao anamtuma mahali ambapo lugha yake haijapata kuwa na kijiji.

Kwanza tuondoe mkanganyiko wa jina. Wako Wanubia wa kale wa bonde la Nile, kati ya Aswan na Dongola, wenye falme za Kikristo zilizodumu karne nyingi, na lugha yao iliandikwa kwa herufi zilizotokana na Kigiriki na Kikopti. Lugha hizo bado zinasemwa kusini mwa Misri na kaskazini mwa Sudan. Wanubi wa Kibra mjini Nairobi na wa Bombo nchini Uganda hawatoki huko, na Kinubi si mtoto wa lugha hizo. Jina lilitumiwa tu na Wamisri na Waturuki kwa askari yeyote mweusi kutoka Sudan, likawaganda, na wenyewe wakalifanya lao.

Chanzo cha habari hii ni jeshi. Mwaka 1820 Muhammad Ali, mtawala wa Misri, alituma majeshi kuiteka Sudan, na mojawapo ya makusudi yake ilikuwa kupata wanaume wa kuwafanya askari. Waliotekwa katika milima ya Nuba, na baadaye kusini zaidi, walivalishwa sare, wakafundishwa bunduki, wakapewa majina ya Kiislamu. Mfumo huo ulikua mno, kiasi kwamba mwaka 1863 kikosi cha askari hao kilipelekwa mpaka Mexico kuwapigania Wafaransa katika vita visivyowahusu ndewe wala sikio. Katikati ya karne hiyo wafanyabiashara wa Khartoum wa pembe za ndovu na watumwa walipanda Nile Nyeupe, wakajenga ngome za maboma ya miiba katika Bahr el Ghazal na Ikweta. Kila ngome ilikuwa na mabwana wachache wanaosema Kiarabu, na mamia ya watu wa makabila ya pale: Wabari, Wamoru, Wamakaraka, Wadinka, Wakakwa, Wamundu na wengine wengi. Hao hawakuwa na lugha moja ya kuelewana isipokuwa Kiarabu kile cha amri na cha soko, walichokisikia kwa masikio ya Kibari au ya Kimoru na kukisema vivyo hivyo.

Serikali ya Misri ilipoanzisha jimbo la Ikweta, kwanza chini ya Samuel Baker, kisha Charles Gordon kuanzia 1874, kisha Emin Pasha kuanzia 1878, ilizirithi ngome hizo na watu wake. Halafu likaja tukio ambalo kwa mwanaisimu ni kubwa kuliko vita vyote. Mahdi aliinuka Sudan dhidi ya utawala wa Misri mwaka 1881, na Khartoum ikaanguka Januari 1885. Ikweta ikakatika. Meli za mvuke hazikuja tena, maofisa wapya hawakuja, wala Mwarabu wa kaskazini hakuja kumsahihisha mtu matamshi. Emin alirudi nyuma na watu wake kufuata mto, akahamia Wadelai, akabaki huko mpaka Henry Morton Stanley alipomfikia kwenye Ziwa Albert mwaka 1888. Mwaka uliofuata Stanley akaondoka naye kwenda pwani, wakafika Bagamoyo mwezi Desemba. Lakini sehemu kubwa ya askari haikuondoka. Walibaki, na kundi moja likapiga kambi Kavalli, upande wa magharibi wa ziwa, chini ya Selim Bey.

Hapo Kavalli ndipo Frederick Lugard alipowakuta mwaka 1891, akitafuta askari wa Kampuni ya Kifalme ya Uingereza ya Afrika Mashariki. Naomba tuitazame hesabu yake kwa makini. Aliondoka na askari wapatao 600, na pamoja nao watu wengine wapatao 8,000: wake, watoto, watumishi, watumwa, wazee. Vitabu vya historia ya kijeshi huwahesabu wale 600 na kusonga mbele. Mimi nawaomba mbaki na hao 8,000. Kwa kila mwanamume mwenye bunduki palikuwa na watu zaidi ya kumi wasio na bunduki, na wengi wao walikuwa wanawake waliotoka katika vijiji mbalimbali njiani, pamoja na watoto waliozaliwa kambini. Askari alijifunza Kiarabu cha kambi akiwa mtu mzima, akawa bado ana lugha ya mama yake moyoni. Mtoto wake hakuwa na hiyo. Baba Mmoru, mama Mlendu, mama mdogo Mbari, jirani Mdinka. Lugha iliyowaunganisha wote nyumbani ilikuwa moja tu, na mtoto akaichukua kuwa ndiyo yake ya kwanza. Lugha ya kuombea njia na kugawana posho ikawa lugha ya kumbembelezea mtoto, ya kugombana na wake wenza, ya kulia msibani. Wanaisimu huita lugha ya namna hiyo krioli. Mimi nasema Kinubi kilitengenezwa jikoni zaidi kuliko kwenye gwaride, na waliokitengeneza ni wanawake na watoto ambao hakuna ofisa aliyeandika majina yao.

Sasa tukisikilize. Katika Kiarabu kitenzi hubadilika ndani na nje kulingana na mtendaji: mimi, wewe mwanamume, wewe mwanamke, wao. Kinubi kimeyaweka kando hayo yote. *Ana rua*, nilikwenda. *Ana gi-rua*, ninakwenda. *Ana bi-rua*, nitakwenda. *Ana kan gi-rua*, nilikuwa ninakwenda. Mwondoe *ana* na umweke *ita*, yaani wewe, au *umon*, yaani wao, na kitenzi hakitikisiki: *ita gi-rua, umon gi-rua*. Wewe wa kike na wewe wa kiume ni *ita* yule yule. Mwarabu aliyesoma atasema hiki ni Kiarabu kilichovunjika, na nimewahi kuwasikia hata Wanubi wenyewe wakilisema neno hilo kwa aibu. Tafadhali tusilikubali.

Tazama jambo hili. Katika Kinubi *kásuru* ni kuvunja, na mkazo uko kwenye silabi ya kwanza. Ukisema *umon kásuru bab de*, unasema waliuvunja mlango ule. Sasa mtangulize mlango, usiongeze herufi yoyote kwenye kitenzi, hamisha mkazo wake tu hadi mwisho: *bab de kasurú*. Mlango ule ulivunjwa. Sisi kwa Kiswahili tunatia *-w-* ili kupata kauli ya kutendwa. Mnubi anaipata kwa sauti peke yake. Kiarabu hakina utaratibu huo. Wako wataalamu walioona humo mkono wa Kibari, lugha ya watu waliokaa pale Gondokoro na Lado wakati jimbo la Ikweta linaanzishwa. Kwa vyovyote vile, lugha iliyovunjika haijitungii kauli mpya ya kutendwa. Hiyo ni kazi ya watu waliokuwa na sarufi kichwani na mambo mazito ya kuelezana.

Sauti nazo zinatoa ushahidi wa njia. Zile sauti za kooni za Kiarabu, *ain* na *ha* nzito, zimeondoka. *Ruh* ya Kiarabu, nenda, imekuwa *rua*. Ile *qaf* imekuwa *g*: ng'ombe ni *bagara*. Sisi Waswahili tulipopokea maneno ya Kiarabu kutoka Hadhramaut na Oman tukaifanya *k*, tukasema kalamu na kadiri. Mnubi alipokea Kiarabu chake kutoka Sudan, ambako *g* ndiyo desturi. Kwa hiyo maneno ya asili moja yameingia Afrika Mashariki kwa milango miwili, mmoja wa bahari na mmoja wa mto, na yamekutana Nairobi.

Ndugu wa karibu zaidi wa Kinubi ni Kiarabu cha Juba, kinachosemwa Sudan Kusini. Mtu wa Kibra na mtu wa Juba wataelewana mengi, na hapo ndipo wengine hurukia kusema: mnaona, basi wao ni wa huko. Hapana. Kiarabu cha Juba kimeendelea kukaa karibu na Kiarabu cha Khartoum, kikivutwa nacho kila siku na shule, redio na serikali. Kinubi kilikatwa. Watu wa Selim Bey walipoondoka Kavalli mwaka 1891 waliziba mlango nyuma yao, na tangu hapo wamekopa kwa Kiswahili, kwa Kiganda na kwa Kiingereza. Bernd Heine alipoeleza Kinubi cha Kibra mwaka 1982, na Ineke Wellens alipotoa kitabu chake kuhusu Kinubi cha Uganda mwaka 2005, walieleza lugha moja yenye tofauti ndogo kati ya nchi hizi mbili. Ni watu wachache wanaoweza kutaja miaka ambamo lugha yao ilitengana na ndugu yake. Wanubi wanaweza.

Nirudi kwenye safari. Lugard aliwapanga katika ngome za Toro, wakalinda mipaka ya nchi ambayo Waingereza walikuwa bado hawajaitawala. Selim Bey alishtakiwa uasi mwaka 1893, akapelekwa uhamishoni akiwa mgonjwa, akafa njiani, huko Naivasha. Miaka minne baadaye yalitokea maasi ya kweli. Vikosi vitatu vilivyokuwa vimechoshwa na kampeni moja baada ya nyingine viliitwa Eldama Ravine kumsindikiza Meja Macdonald katika safari ndefu ambayo hawakuambiwa mwisho wake. Malipo yao yalikuwa rupia 4 kwa mwezi, nayo yalicheleweshwa, huku wapagazi wa Kiswahili wakilipwa zaidi yao. Na kulikuwa na jambo la wanawake. Askari hawa walizoea kusafiri na nyumba zao. Waliposikia kwamba safari hii wangeziacha, waliona wanavunjiwa maisha. Septemba 1897 waliondoka Ravine, wakarudi Busoga, wakaishika ngome ya Luba kando ya Ziwa Viktoria. Mapigano ya Oktoba 19 yalikuwa makali, maofisa wa Kiingereza waliokuwa wameshikwa ngomeni wakauawa, na maasi hayakuzimwa mpaka mwaka uliofuata, kwa askari walioletwa kutoka India. Naona si haki kuyaita maasi ya watu wakorofi. Walikuwa na madai yanayoeleweka na mtu yeyote anayefanya kazi: mshahara, mapumziko, familia.

Baada ya hapo Waingereza waliwaogopa, lakini hawakuweza kuwaacha. Jeshi la kikoloni la King's African Rifles (KAR) lilipoundwa mwaka 1902, Wanubi waliingia wakiwa uti wa mgongo wake, hasa kama masajini wa kufundisha kwata. Katika Uganda kambi kuu ilikuwa Bombo, kaskazini ya Kampala, na Bombo mpaka sasa ndio mji mkubwa wa Kinubi. Hapa Kiswahili kinaingia kwa nguvu, maana lugha ya KAR ilikuwa Kiswahili, kile tulichokiita Kikeya. Mnubi alikisema kazini na kurudi nyumbani kwenye Kinubi chake. Ndiye mmoja wa waliokisambaza Kiswahili katika Uganda, na nadhani ndiyo sababu mojawapo ya Waganda wengi kukiona kwa muda mrefu kuwa lugha ya mtutu. Upande wa Tanganyika, Hermann von Wissmann alikuwa ameajiri askari Wasudani mjini Cairo mwaka 1889 ili kupigana na Abushiri wa pwani. Walikuja na vyeo vya jeshi la Misri, vyenyewe vya Kituruki: ombasha, shaushi, efendi. Kila polisi wa Dodoma anayeitwa afande anaitwa kwa cheo kilichokuja na askari wa namna hiyo.

Kibra sasa. Askari waliostaafu walihitaji pa kukaa, na mwaka 1904 sehemu ya msitu kusini-magharibi ya mji mchanga wa Nairobi ilianza kutengwa kwa ajili yao na jeshi. Wao waliiita Kibra, yaani msitu. Eneo lilipopimwa lilikuwa ekari 4,197, na mwaka 1918 likatangazwa rasmi kuwa hifadhi ya kijeshi. Ukienda leo, majina ya mitaa bado yanasimulia. Laini Saba ni ya uwanja wa shabaha. Kambi Muru ni ya Wamoru. Zamani palikuwa pia na Kambi Lendu na Kambi Aluru. Maana yake ni kwamba wale watu waliofika walijua bado nani ni Mmoru na nani ni Mlendu, wakapanga nyumba zao hivyo, na watoto wao wakayasahau makabila hayo wakawa Wanubi. Ramani ya Kibra ni orodha ya makabila ya Nile ya juu, na watu waliokaa juu yake walisema lugha moja ambayo si ya kabila lolote kati ya hayo.

Pale Makina, mtaa mmoja wa Kibra, wanawake wazee bado wanasuka *tabaga*, kawa za ukindu za kufunikia chakula, rangi nyekundu, zambarau na kijani zikizungukana kutoka kitovuni hadi ukingoni. Wakati wa harusi watakuja wamevaa *gurbaba*, na ngoma itakuwa *doluka*. Nimeketi nao wakati wa kusuka. Wakiwa wao kwa wao, Kinubi hutiririka; kijana akipita hugeukia Kiswahili bila kukatisha kazi, kisha kijana huyo akipita tena na mwenzake husikika Sheng. Vizazi viwili, lugha tatu, katika kibaraza kimoja.

Ardhi yenyewe haikukaa. Vibali vya shamba walivyopewa havikuwa hati za kumiliki, na serikali ya kikoloni ilishikilia kwamba hao ni wapangaji kwa hisani yake. Tume ya ardhi iliyoongozwa na Morris Carter, 1932 hadi 1934, ilikubali kwamba serikali ina wajibu kwao, lakini haikuwapa Kibra. Baada ya uhuru mambo hayakugeuka. Sehemu zikakatwa zikawa mitaa ya Ayany, Ngummo na Olympic, na pengine pakajaa watu wasio na makazi kutoka kila pembe ya Kenya, ambao nao hawana kosa. Juni 2017 serikali ya Uhuru Kenyatta ilitoa hatimiliki ya ekari 288 kwa jamii ya Wanubi. Linganisheni wenyewe na zile 4,197.

Kuhusu Uganda nitasema kwa ufupi, kwa sababu sehemu hii husimuliwa vibaya na kwa wingi. Idi Amin alikuwa Mkakwa kwa baba, akakulia katika mazingira ya Kinubi ya kambi za KAR, na utawala wake uliwapandisha Wanubi wengi. Alipoangushwa Aprili 1979, kila Mnubi alihesabiwa mshirika, hata muuza vitunguu wa Bombo. Maelfu walikimbilia Sudan na Zaire, na waliorudi wengine walikuta nyumba zao zina wenyewe wapya. Hata hivyo Katiba ya Uganda ya 1995 iliwataja Wanubi katika orodha ya jamii za asili za nchi. Uganda, iliyokuwa na sababu ya kinyongo, ililijibu swali la kwao ni wapi kabla ya Kenya.

Kenya ilibidi ipelekwe barazani. Kijana wa Kinubi akifikisha miaka 18, alifika ofisini na kutakiwa apite mbele ya kamati ya uhakiki, alete karatasi za babu na bibi, aape, asubiri. Mwenzake waliyeketi dawati moja alipata kitambulisho kwa utaratibu wa kawaida. Bila kitambulisho huajiriwi, hufungui akaunti, hupigi kura. Machi 2011 Kamati ya Wataalamu ya Afrika ya Haki na Ustawi wa Mtoto, katika uamuzi wake wa kwanza kabisa wa malalamiko, ilisema Kenya imevunja haki za watoto wa Kinubi kwa kuwaacha bila uhakika wa uraia tangu kuzaliwa. Mwaka 2015 Tume ya Afrika ya Haki za Binadamu na Watu nayo iliamua kwamba haki zao zimevunjwa, za uraia na za ardhi pia. Kabla ya hayo, sensa ya 2009 iliwahesabu kwa jina lao, zaidi ya 15,000.

Nimesema shahidi wangu ni lugha, na shahidi huyu anazeeka. Katika Bombo watoto bado wanacheza kwa Kinubi. Katika Kibra hali ni tofauti, na katika vijiji vidogo vya Wanubi vya Kibigori, Eldama Ravine, Kisii na Meru ni tofauti zaidi, kwa kuwa mtoto huko ana majirani wachache wa kusema nao. Vitabu ninavyovitegemea mimi vimeandikwa kwa Kiingereza, na kile cha Xavier Luffin kuhusu Kinubi cha Mombasa kimeandikwa kwa Kifaransa. Bibi wa Makina hawezi kuvisoma, na mjukuu wake hana pa kuvipata.

Kwa hiyo nina ombi kwa wanafunzi wa Kiswahili waliomo humu. Mnasoma fonolojia, mnasoma mofolojia, mnatafuta mada za tasnifu. Mjitolee kutunga kamusi ya Kinubi na Kiswahili, mkianza na mkazo, maana bila alama za mkazo *kásuru* na *kasurú* zitakuwa neno moja na nusu ya sarufi itapotea. Mrekodi majina ya vipande vya *tabaga*, ya mapishi, ya ukoo, ya magonjwa ya watoto, kutoka kwa wanawake kwanza. Mwandike pia jina la kila anayewafundisha neno, akiridhia, mliweke kwenye ukurasa wa mbele, kwa sababu wale 8,000 wa Kavalli hawakuandikwa.